Namna ya kuomba ulinzi wa polisi unapogombea mpaka na jirani: kwa wakazi wa Dodoma na vijiji vyake

Nilimsindikiza kituoni mama mmoja mjane ambaye kiwanja chake kiko pembezoni mwa jiji, kule ambako zamani si nyingi yalikuwa mashamba ya uwele na mtama na leo kila ukigeuka unaona tofali. Jirani yake alikuwa ameanza kuchimba msingi wa ukuta hatua tatu ndani ya eneo lake. Mama alipomuuliza, akamjibu mbele ya mafundi: "Ukivuka kamba hii nakukata."

Mama alikuwa na barua mkononi, kaandikiwa na kijana wa steshenari. Ilisema, "Naomba Polisi wamwondoe mvamizi kwenye kiwanja changu." Askari wa kaunta aliisoma akairudisha. "Mama, hii ni kesi ya ardhi. Nenda baraza." Tukatoka. Tukiwa chini ya mwarobaini nje ya kituo nikamuuliza yule mtu alimwambia nini hasa. Ndipo akanieleza habari ya kukatwa. Neno hilo halikuwamo kabisa kwenye barua. Tukaandika upya, ukurasa mmoja, tukarudi kaunta ileile, na safari hii mama alitoka na namba ya RB, yaani namba ya taarifa yake kwenye kitabu cha polisi.

Yule askari hakukosea mara ya kwanza. Polisi hawachori mpaka na hawana mamlaka ya kusema kiwanja ni cha nani. Kazi yao, kwa mujibu wa Sheria ya Jeshi la Polisi na Polisi Wasaidizi, ni kulinda amani, kuzuia uhalifu, kulinda watu na mali zao. Ukiwaomba waamue mpaka, watakurudisha. Ukiwaomba wazuie usikatwe panga siku ya Jumanne saa nne asubuhi kwenye Kiwanja Namba fulani, hapo umewapa kazi yao.

Kwanza, tenganisha ugomvi wako vipande viwili

Chukua karatasi, ipige mstari katikati. Upande mmoja andika mambo ya mpaka: jiwe lilikuwa wapi, nani alinunua lini, ukuta umeingia kiasi gani. Haya ni madai, njia yake ni mabaraza. Upande wa pili andika kile mtu alichofanya au alichosema: kakutishia kukuua, kakupiga, kabomoa choo chako, kakata mihogo, kakutukana mbele ya watu kwa namna ya kuchochea ugomvi, kang'oa bikoni. Haya ni makosa ya jinai ndani ya Kanuni ya Adhabu, na haya ndiyo unayoyapeleka kituoni.

La bikoni watu wengi hawalijui. Kuhamisha alama ya mpaka kwa nia ya kudhulumu ni kosa la jinai, na kuharibu alama za upimaji kwa makusudi nako ni kosa. Ile nondo iliyosimikwa kwenye saruji, yenye namba kichwani, si mali yako wala ya jirani. Hata ukiamini imewekwa pasipo pake, usiiguse. Nimeona mtu mwenye haki kamili ya kiwanja akigeuka mshitakiwa kwa sababu alishika sururu akang'oa jiwe mwenyewe.

Kuna mtego mmoja kwenye kosa la kuingia kwa jinai, ambalo wengi hulikimbilia: "kaingia kiwanjani kwangu, mkamateni." Mahakama Kuu ilishasema tangu mwanzoni mwa miaka ya 1990 kwamba shitaka hilo halisimami kama umiliki wa ardhi yenyewe bado unagombewa na haujaamuliwa kwenye shauri la madai. Maana yake unaweza kupoteza miezi kwenye kesi ya jinai, jirani akaachiwa, akarudi mtaani anasema "mahakama imenipa kiwanja," wakati haijampa kitu. Vitisho, kipigo na uharibifu vina miguu yake vyenyewe. Anzia hapo.

Kwa nini Dodoma mambo haya ni mengi

Nalisema kwa ufupi kwa sababu litakusaidia kuelewa jirani yako, ambaye mara nyingi anaamini kwa moyo wote kwamba yeye ndiye anayeonewa. Mji huu ulipangwa na Mamlaka ya Ustawishaji Makao Makuu, CDA, tangu 1973 hadi ilipovunjwa mwezi Mei 2017 na kazi zake kuhamishiwa halmashauri. Serikali ilihamia kwa kasi kuanzia 2016, na 2018 Dodoma ikawa jiji. Thamani ya ardhi ikapanda. Ikawa kwenye eneo moja yupo mwenye barua ya toleo (ya kugawiwa kiwanja) ya CDA, yupo mwenye hati mpya, na yupo mzee aliyerithi shamba ambaye mpaka wake ni mstari wa minyaa iliyopandwa na babu yake. Wote watatu wana karatasi au mashahidi. Usiende kituoni ukimwita mwenzako tapeli kabla hujaona karatasi zake.

Kusanya ushahidi kabla jua halijazama

Piga picha. Si picha moja ya ukuta, bali picha inayoonyesha ukuta pamoja na kitu kisichohama: nguzo ya umeme, mbuyu, kona ya nyumba yako. Nyosha futi ya fundi kutoka kona ya nyumba hadi kwenye msingi mpya, upige picha namba ikisomeka. Bikoni ikiwa imefukiwa na kokoto au mchanga, usifukue. Piga picha ya lile rundo na uandike tarehe.

Maneno ya vitisho yaandike siku hiyohiyo, kama yalivyotamkwa. "Alinitishia" haitoshi. Andika "Alisema, 'Ukivuka kamba hii nakukata,' akiwa ameshika panga mkono wa kulia, saa tatu asubuhi, mbele ya mafundi wawili na binti yangu." Kama alisema kwa Kigogo, andika kwa Kigogo, kisha tafsiri chini yake. Ujumbe wa simu usiufute, na uupige picha kwa simu nyingine ili namba ya mtumaji ionekane.

Halafu nakala za karatasi za ardhi: hati, barua ya toleo, stakabadhi za kodi ya ardhi, hati ya mauziano. Vijijini, upande wa Bahi, Chamwino au Kongwa, hati ya hakimiliki ya kimila kama ipo, au karatasi ya mauziano inayotaja majirani wa pande nne. Hizi polisi hawazihukumu, ila zinawaonyesha kwamba una sababu ya kuwepo pale. Peleka nakala, asili ibaki nyumbani.

Kituoni

Kama panga limeshainuliwa, usisome zaidi. Piga 112 na uondoke eneo hilo. Kiwanja hakikimbii.

Kama hatari ipo ila si ya dakika hii, nenda kituo kinachohudumia mtaa wako. Siku hizi kata nyingi zina Mkaguzi wa Polisi wa kata. Ukimfahamu, mwone kwanza, maana yeye anajua njia za mtaa na majina ya watu. Kaunta sema kwa sentensi moja: "Nimekuja kuripoti kutishiwa kuuawa." Usianze na habari za 2009 mlipogawana shamba. Ukishaandikishwa utapewa namba ya RB. Ni bure. Iandike sehemu mbili, kwenye simu na kwenye daftari. Ukiwa umejeruhiwa, omba PF3, fomu ya polisi ya kupeleka hospitali, kabla ya kwenda kutibiwa. Umeumia vibaya, kimbilia hospitali kwanza na fomu ifuate.

Mjane, au mama anayetishiwa na shemeji au mtoto wa mume juu ya mpaka wa shamba la marehemu, aulizie Dawati la Jinsia na Watoto. Wale wamefundishwa kusikiliza bila kukuharakisha.

Askari akikuomba hela ya mafuta ya gari ili aje eneo la tukio, hiyo si ada. Namba ya TAKUKURU ni 113, na kupiga ni bure.

Barua ya ombi la ulinzi

RB inafungua taarifa. Barua ndiyo inayoomba ulinzi wenyewe, na inabaki kwenye faili hata askari akihamishwa. Ukurasa mmoja, usizidi. Mfano:

*Mkuu wa Kituo cha Polisi,*
*(jina la kituo), Dodoma.*

*YAH: OMBI LA ULINZI KUTOKANA NA VITISHO, MTAA WA …, KITALU …, KIWANJA NA. …*

*Husika na somo hapo juu. Mimi ni mkazi wa mtaa tajwa. Tarehe … saa … jirani yangu, (jina), alinitamkia maneno haya: "…" akiwa na panga. Walioshuhudia ni (majina mawili na namba zao za simu). Nimeripoti, RB Na. …*

*Tuna mgogoro wa mpaka, na nimeupeleka Baraza la Kata tarehe …. Siombi Jeshi la Polisi liamue mpaka huo.*

*Ninaomba: (1) mhusika aitwe na aonywe kuhusu vitisho, (2) eneo lipitiwe na doria kwa wiki mbili zijazo, (3) askari wawepo tarehe … saa … ambapo mpima ardhi atafika kufufua mipaka.*

*Nakala: Mkuu wa Polisi wa Wilaya, Mtendaji wa Kata, Mwenyekiti wa Mtaa.*

Sentensi ile ya "siombi Jeshi la Polisi liamue mpaka" usiiache. Mkuu wa kituo akiiona anajua huji kumtumia kama nyundo. Kila siku wanaletewa watu wanaotaka askari asimame pembeni wakati wao wanabomoa ukuta wa jirani, kwa hiyo wanaogopa, na wana sababu.

Toa nakala, peleka masijala, na nakala yako igongwe muhuri wa kupokelewa wenye tarehe. Barua isiyo na muhuri ni kama hukuipeleka.

Kuna ombi moja zaidi ambalo mawakili wanalijua na wananchi wachache hulitumia. Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Jinai inampa hakimu uwezo wa kumwita mtu anayeelekea kuvunja amani na kumtaka aweke dhamana ya kutunza amani. Si hukumu ya ardhi, na si lazima awe ameshakupiga. Muulize mpelelezi wako kama taarifa yako inafaa kupelekwa njia hiyo. Mtu aliyesaini mbele ya hakimu, na mdhamini wake pembeni, huwa mpole mwezi mzima.

Huku jinai ikiendelea, fungua mlango wa ardhi

Hapa ndipo watu wanapolegea. Wakishapata RB wanakaa. Lakini ulinzi wa polisi ni wa siku chache. Mpaka usipotatuliwa, vitisho vitarudi na mvua za Desemba, watu wakianza kulima.

Anza na mwenyekiti wa mtaa, au kijijini Baraza la Ardhi la Kijiji, lenye wajumbe saba ambao watatu ni wanawake. Wazee wale wanakumbuka. Nimekaa kwenye kikao cha upande wa Chamwino ambapo bibi mmoja alinyanyuka kimya, akatembea hadi kwenye minyaa, akahesabu mashina kwa fimbo, akasimama kwenye pengo. "Hapa kilikuwepo kisiki cha mkakatika. Mlikichoma nyie wenyewe mwaka wa njaa." Pande zote mbili zikatazama chini. Hakuna ramani ingefanya kazi ile.

Ikishindikana, Baraza la Kata. Tangu marekebisho ya sheria ya 2021, Baraza la Kata halihukumu tena migogoro ya ardhi. Linasuluhisha tu. Linapewa siku 30. Likishindwa, linakupa hati ya kuthibitisha kwamba usuluhishi umeshindikana, na bila hati hiyo Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya halitakusikiliza. Siku 30 zikipita kimya, unaweza kwenda Baraza la Wilaya bila hati, kwa hiyo tunza ushahidi wa tarehe uliyofungua. Baraza la Kata likikuandikia "hukumu" ya mpaka, haina nguvu, usiipeleke polisi.

Baraza la Wilaya linapokea mashauri ya kurudisha ardhi isiyozidi thamani ya shilingi milioni 300. Zaidi ya hapo ni Mahakama Kuu. Muda wa kudai ardhi ni miaka 12. Jirani yako akiwa shule ya umma au taasisi nyingine ya serikali, njia inabadilika: kuna notisi ya siku 90 na Mwanasheria Mkuu anaunganishwa, na hapo tafuta mwanasheria.

Kama ukuta unapanda kila siku, liombe baraza zuio la muda, yaani amri ya kusimamisha ujenzi wakati shauri likiendelea, chini ya hati ya dharura, ukiambatanisha kiapo na zile picha zenye futi. Zuio likitolewa, siku hiyohiyo peleka nakala iliyogongwa muhuri kwa mkuu wa polisi wa wilaya, kituo chako, mtendaji wa kata na mwenyekiti. Kuanzia hapo ukipiga simu kituoni husemi tena "jirani ananionea." Unasema "amri ya baraza namba fulani inavunjwa sasa hivi." Wenye simu upande wa pili wanasikia tofauti.

Huna hela ya wakili? Tafuta msaidizi wa kisheria aliyesajiliwa. Sheria ya Msaada wa Kisheria ya 2017 inawatambua, na ofisi ya mkurugenzi au ustawi wa jamii itakuelekeza walipo.

Siku ya kufufua mipaka

Kwa viwanja vilivyopimwa, hii ndiyo dawa ya migogoro mingi. Unaandika kwa mkurugenzi wa halmashauri kuomba kufufuliwa mipaka. Mpima ardhi anakuja na kumbukumbu za upimaji wa awali na chombo chake, anarudisha kila kona mahali ilipopimwa. Hasira huwa juu siku hii kuliko siku nyingine yoyote, kwa sababu ukweli unaanza kuonekana chini kwenye udongo.

Ombi la askari kwa siku hii lipelekwe mapema, angalau wiki moja, likiwa na barua ya halmashauri yenye tarehe ya upimaji. Afadhali zaidi halmashauri yenyewe iandike kwa polisi, maana hapo askari wanakuja kumlinda mtumishi wa umma akiwa kazini na si kukulinda wewe dhidi ya mwenzako. Jirani apewe taarifa kwa maandishi kupitia mwenyekiti, asaini. Akikataa kusaini, mwenyekiti aandike kwamba amekataa.

Siku yenyewe ilivyo: askari asimame na mwenyekiti, asisimame na wewe. Wewe kaa mbali na chombo. Usijibu matusi. Watoto wabaki nyumbani, na vijana wako wenye damu ya moto uwatume mjini. Nimewahi kuona upimaji mzima unavunjika kwa sababu mpwa wa mwenye kiwanja alicheka wakati nondo ilipoonekana ndani ya ua wa jirani. Kicheko tu. Ikabidi tuanze upya baada ya miezi minne.

Jiwe likionekana, usishangilie. Mpima ataandika, mwenyekiti na majirani watasaini. Ukuta wa jirani ukiwa umeingia, haubomolewi siku hiyo. Askari akiwepo haina maana ya ruhusa ya kubomoa. Kwanza mpe nafasi aombe mazungumzo. Wengi hukubali kulipa, kubadilishana kipande au kubomoa wenyewe. Mkikubaliana, andikeni mbele ya mtendaji.

Akikaidi, shauri liende hadi mwisho Baraza la Wilaya. Asiyeridhika ana siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu. Utekelezaji wa hukumu hufanywa na dalali aliyepewa amri na baraza, na ulinzi wa polisi siku hiyo huombwa kwa barua rasmi ikiambatana na amri hiyo. Wewe mshindi huna kazi ya kushika nyundo.

Ukikataliwa, au ukiitwa wewe

Kituo kikikaa kimya siku kadhaa, panda ngazi: mkuu wa polisi wa wilaya, kisha kamanda wa mkoa, kila mara ukiambatanisha nakala yenye muhuri wa ngazi ya chini yake. Mkuu wa Wilaya ni mwenyekiti wa kamati ya usalama, kwa hiyo hatari ya umwagaji damu ni jambo lake pia, ila naye haamui umiliki.

Na ukiitwa wewe, nenda. Usijifiche. Chukua nakala za karatasi zako na uthibitisho kwamba suala liko barazani, eleza kwa upole kwamba kuna mgogoro wa mpaka. Dhamana ya polisi ni bure. Ukiletewa karatasi ya "makubaliano" inayosema unaachia hatua mbili za kiwanja ili uende nyumbani, usisaini. Saini tu ahadi ya kutunza amani, ambayo ni nzuri kwenu nyote.

Mambo yakiisha, rudi kituoni na RB yako. Mwone mpelelezi, mwambie mmemalizana na mmemalizana vipi, umwachie nakala ya makubaliano au ya ripoti ya mpima iingie kwenye faili. Yule mama wa kiwanja cha pembezoni alifanya hivyo. Alikwenda na jirani yake, kwa bajaji moja.